Je, P. G. Wodehouse Alikuwa Msaliti, na Tumsome kwa Sababu Gani?

Swali la msomaji: Mwalimu wetu wa fasihi alimtaja P. G. Wodehouse kuwa miongoni mwa waandishi wachekeshaji wakubwa wa Uingereza, lakini mwenzangu darasani akasema mtu huyo alitangaza katika redio ya Hitler wakati wa Vita vya Pili vya Dunia, kwa hiyo hafai kusomwa. Je, ni kweli alikuwa msaliti? Na kama vitabu vyake vinafaa, vina nini cha pekee, na nianze na kipi?

Jibu: Ndugu msomaji, kuhusu tukio lenyewe mwenzako hakukosea. Kati ya mwishoni mwa Juni na mwanzoni mwa Agosti 1941, sauti ya Wodehouse ilisikika katika mazungumzo matano yaliyorushwa na idhaa ya Ujerumani kutoka Berlin. Hata hivyo usaliti hupimwa kwa nia, na nia ya kumsaidia adui haikuonekana kwa afisa wa usalama wa Uingereza aliyemhoji mwaka 1944, wala kwa waandishi wa wasifu wake waliozipitia nyaraka hizo baadaye. Maoni yangu ni kwamba tabia ileile iliyomwezesha kuandika vitabu zaidi ya 90, yaani ule uwezo wake wa kuufungia ulimwengu nje ya chumba cha kuandikia, ndiyo iliyomtumbukiza katika fedheha hiyo. Kwa sababu hiyo sitayatenganisha maswali yako, maana mtu aliyeketi mbele ya kipaza sauti Berlin ndiye yule yule anayesimulia katika riwaya.

Pelham Grenville Wodehouse alizaliwa Guildford, kusini mwa Uingereza, tarehe 15 Oktoba 1881. Baba yake alikuwa hakimu Hong Kong, na kama ilivyokuwa desturi ya watumishi wa dola la Uingereza, watoto walirudishwa Uingereza wangali wadogo ili walelewe na watu wengine. Pelham hakuwa na zaidi ya miaka miwili alipokabidhiwa kwa yaya pamoja na kaka zake, na tangu hapo aliwaona wazazi wake kwa nadra sana. Likizo zake nyingi zilipita katika nyumba za ndugu wa wazazi, hasa dada za mama yake, ambao walikuwa wengi na baadhi yao wakali. Ukija kuvisoma vitabu vyake na kushangaa kwa nini vimejaa mashangazi wanaotisha kuliko askari, chanzo chake kimojawapo ni hicho. Raha yake ya kwanza ya kudumu aliipata katika shule ya Dulwich, London, alikosoma kuanzia 1894 hadi 1900, akajua Kilatini na Kigiriki vizuri na kucheza kriketi na raga. Aliipenda shule hiyo maisha yake yote kwa mapenzi ambayo wengine huyaweka kwa wazazi.

Alitarajia kwenda Oxford, lakini pensheni ya baba yake ililipwa kwa rupia, na rupia, kama alivyopenda kusimulia mwenyewe, ilikuwa ikipanda na kushuka ovyo. Badala ya chuo kikuu akapelekwa kuwa karani katika tawi la London la Benki ya Hongkong na Shanghai mwaka 1900. Kazi ya benki hakuielewa hata kidogo, lakini jioni aliandika bila kuchoka, na mwaka 1902 akaacha benki na kuingia katika gazeti la The Globe, ambako kila siku alitakiwa kuandika vichekesho vifupi juu ya habari za asubuhi hiyo. Kitabu chake cha kwanza, riwaya ya maisha ya shule, kilitoka mwaka huohuo.

Miaka iliyofuata ilimpeleka Marekani, na huko ndiko alikofundwa ufundi wake. Alikwenda New York kwa mara ya kwanza mwaka 1904, na mwaka 1914 akamwoa huko Ethel, mjane Mwingereza mwenye binti aitwaye Leonora, ambaye Wodehouse alimpenda kama mwanawe wa kumzaa. Pamoja na Guy Bolton na mtunzi wa muziki Jerome Kern aliandika michezo ya kuigiza yenye nyimbo iliyopendwa sana Broadway, mtaa wa kumbi za maigizo wa New York. Mashairi ya wimbo “Bill”, uliokuja kuingizwa katika mchezo wa Show Boat mwaka 1927, ni yake. Watu wengi huipita sehemu hii ya maisha yake haraka, nami naona wanakosea. Jukwaani mwandishi hujifunza kwamba mhusika haingii bila sababu wala hatoki bila kuacha mambo yamekuwa mabaya kuliko alivyoyakuta, na kwamba mwigizaji ghali hawezi kuachwa asimame tu bila la kufanya. Wodehouse aliyahamisha masharti hayo yote kwenye riwaya. Mwenyewe alieleza kwamba kulikuwa na njia mbili za kuandika riwaya, na kwamba ya kwake ilikuwa namna ya mchezo wa muziki usio na muziki, usiojali maisha halisi hata kidogo.

Kazi iliyokuwa nyuma ya wepesi huo ilikuwa nzito mno. Alisema kwamba kabla ya kuanza kitabu kwa kawaida huwa na kurasa kama 400 za maelezo ya awali, na waliomwona akifanya kazi wamesimulia jinsi alivyobandika kurasa ukutani, akazipandisha juu kadiri zilivyoboreka na kuziacha chini zile ambazo bado hazijamridhisha.

Tuutazame mfano mmoja kwa karibu. Katika Right Ho, Jeeves ya mwaka 1934 yumo kijana aitwaye Gussie Fink-Nottle, mwoga kupindukia, anayeishi peke yake shambani akifuga wanyama wadogo wa majini wafananao na mijusi, na kinywaji chake ni maji ya machungwa tu. Shangazi Dahlia anamtaka mpwa wake Bertie Wooster, msimulizi, agawe zawadi kwa wanafunzi wa shule ya Market Snodsbury, naye Bertie anamsukumia Gussie kazi hiyo. Bertie, akiona rafiki yake anatetemeka, anatia jini, yaani pombe kali, kwa siri ndani ya jagi la maji ya machungwa. Jeeves, mtumishi wake, naye bila kumwambia bwana wake ametia jini katika jagi hilohilo. Na Gussie, kabla hata ya kuligusa jagi, amekwisha kujipatia ujasiri kwa wiski. Msomaji anayajua yote hayo kabla mgeni rasmi hajapanda jukwaani, kwa hiyo kila neno la heshima linalotamkwa na mwalimu mkuu linazidi kumkaba kwa kicheko. Kisha Gussie anaanza. Anamhoji hadharani mtoto aliyeshinda zawadi ya maarifa ya Biblia, akimtuhumu kwa udanganyifu, na anautangazia ukumbi mzima kwamba Bertie naye, enzi zao za shule, aliipata zawadi kama hiyo kwa kuibia majibu. Hakuna tukio hata moja hapo lililodondoka kutoka hewani. Ulevi huo umejengwa kwa hatua tatu, na kila hatua imetokana na mtu aliyedhani anasaidia.

Jambo la pili la kutazama ni sauti inayosimulia. Bertie ni kijana tajiri asiye na kazi wala akili nyingi, lakini anasimulia kwa lugha iliyojaa vipande vya Shakespeare, vya Keats na vya Biblia, nusu akivikumbuka na nusu akivivuruga, huku Jeeves akimsahihisha kwa adabu. Ujinga wa mhusika unasemwa kwa ustadi wa mwandishi, na pengo kati ya hivyo viwili ndilo linalochekesha kwenye karibu kila ukurasa. Jeeves mwenyewe aliingia kwa mara ya kwanza katika hadithi fupi ya mwaka 1915, akiwa na maneno machache tu ya kupokea wageni. Jina lake lilitokana na Percy Jeeves, mchezaji wa kriketi ambaye Wodehouse alimwona uwanjani na ambaye aliuawa katika mapigano ya Somme mwaka 1916. Msomaji wetu aliyekulia kwenye hadithi za Abunuwasi atalitambua mara moja umbo la mnyonge mwenye akili kuliko mkubwa wake. Lakini Abunuwasi humwaibisha sultani na watu wakaona, ilhali Jeeves humwokoa bwana wake kisha akaenda kumletea chai. Hakuna kinachobadilika, naye Wodehouse hakutaka kibadilike.

Kabla ya vita alikuwa amefika kileleni. Mwaka 1930 kampuni ya filamu ya Metro-Goldwyn-Mayer ilimwajiri Hollywood kwa dola 2,000 kwa wiki, na mwaka uliofuata akamwambia mwandishi wa gazeti, kwa moyo mweupe kabisa, kwamba amelipwa dola 104,000 bila kufanya karibu kazi yoyote. Maneno hayo yalienea, wakubwa wa studio wakafadhaika, naye akashangaa kwa nini. Nakuomba uliweke tukio hilo akilini, maana huyo ni mtu aliyeongea na vyombo vya habari kana kwamba anazungumza na marafiki zake wa shule. Mwaka 1934 yeye na Ethel walihamia Le Touquet, mji wa pwani ya kaskazini mwa Ufaransa, kwa sehemu ili kuikwepa migogoro ya kodi, na Juni 1939 Chuo Kikuu cha Oxford, alichonyimwa na rupia, kikamtunuku shahada ya heshima ya udaktari.

Mwezi Mei 1940 jeshi la Ujerumani liliufikia mji huo. Wodehouse na mkewe walijaribu kukimbia, magari yakaharibika njiani, wakarudi nyumbani. Julai akakamatwa pamoja na wanaume wengine raia wa Uingereza waliokuwa chini ya miaka 60. Alipitishwa katika gereza la Loos, kisha Liège na ngome ya Huy nchini Ubelgiji, na hatimaye akafikishwa Tost, Silesia ya Juu (sasa ni Poland), katika jengo lililokuwa hospitali ya wagonjwa wa akili. Huko alilala katika bweni la wengi, akapungua sana mwili, na hata hivyo akakamilisha riwaya nzima kwa kalamu. Wasomaji wa Marekani walipopata habari zake kupitia gazetini, walimwandikia barua na kumtumia vifurushi, na yeye hakuwa na ruhusa ya kuwajibu.

Akaachiliwa Juni 1941, miezi michache kabla ya kutimiza miaka 60, umri ambao kwa kawaida Wajerumani waliwaachia wafungwa wa aina yake, akapelekwa Berlin na kuwekwa katika Hoteli Adlon. Afisa mmoja wa wizara ya mambo ya nje ya Ujerumani, ambaye Wodehouse alimfahamu tangu Hollywood, alikuwa tayari kumrahisishia mambo. Alipoulizwa kama angependa kuzungumza na wasomaji wake wa Marekani kupitia redio, alikubali. Aliona ni njia ya kuwashukuru, na pia kuonyesha kwamba Mwingereza hakunji uso hata akiwa kifungoni. Wizara nayo iliona jambo jingine kabisa: Marekani ilikuwa bado haijaingia vitani, na sauti ya mwandishi mpendwa akiongea kwa uchangamfu kutoka Berlin ilifaa kuwaaminisha Wamarekani kwamba Wajerumani si watu wabaya kiasi hicho.

Katika mazungumzo yenyewe, ambayo maandishi yake yamehifadhiwa na yamechapishwa, hutakuta sifa yoyote kwa Hitler. Ni masimulizi ya safari, selo, supu na kupanga foleni, yakisemwa kwa utani uleule wa vitabu vyake. Kuhusu Silesia ya Juu aliuliza kwamba ikiwa hiyo ndiyo ya Juu, je, ya Chini ikoje? Wajerumani wenyewe hawatoki katika masimulizi hayo wakiwa na heshima kubwa. Kilicho kibaya zaidi, kwa maoni yangu, ni mahojiano aliyofanya na mwanahabari wa redio ya CBS ya Marekani siku chache baada ya kuachiliwa, aliposema anajiuliza kama Uingereza anayoiandika itaendelea kuwapo baada ya vita, iwe imeshinda au haikushinda. Mtu wa kawaida wa London, aliyetoka kwenye miezi ya mabomu yaliyoua zaidi ya raia 40,000 nchini mwake, hangeweza kuisikia sentensi hiyo kwa utulivu.

Hasira ilikuwa kubwa. Tarehe 15 Julai 1941, kwa amri ya waziri wa habari Duff Cooper na kinyume cha matakwa ya magavana wa BBC, mwandishi wa gazeti William Connor, aliyejulikana kwa jina la Cassandra, alimshambulia hewani, akimtuhumu kwamba ameiuza nchi yake kwa chumba cha hoteli ya kifahari. Baadhi ya maktaba ziliviondoa vitabu vyake, na BBC ikaacha kuzitangaza kazi zake. A. A. Milne, aliyemuumba Winnie-the-Pooh na aliyewahi kuwa rafiki yake, alimlaumu gazetini. Mwandishi wa tamthilia Sean O’Casey akamwita kiroboto wa maonyesho wa fasihi ya Kiingereza, na hapo utaiona tabia ya Wodehouse tena: mwaka 1953 alichapisha kitabu cha barua zake akakipa maneno hayo ya tusi kuwa jina.

Wengi walipotea njia, nadhani, kwa kudhani kwamba mtu wa namna hiyo hakuujua ufashisti ni kitu gani. George Orwell, aliyemtetea kwa insha maarufu mwaka 1945, alisema kwa haki kwamba Wodehouse hakuwa na fikra za kisiasa na kwamba ulimwengu wake ulikwama katika miaka ya kabla ya Vita vya Kwanza. Nakubaliana naye kwa sehemu kubwa, lakini kuna riwaya moja inayomsumbua mtetezi huyo. Katika The Code of the Woosters ya mwaka 1938 yumo Roderick Spode, jitu lenye sauti ya amri, linaloongoza kundi lenye sare ya kaptura nyeusi kwa sababu lilipoundwa mashati yote yalikuwa yamekwisha kuchukuliwa na makundi mengine. Mwingereza yeyote wa wakati huo alijua anayedhihakiwa ni Oswald Mosley, kiongozi wa wafashisti wa Uingereza, na wafuasi wake wa mashati meusi. Na silaha inayomvunja nguvu Spode ni siri ndogo: dikteta huyo hubuni na kuuza nguo za ndani za wanawake. Wodehouse, basi, alimwona mfashisti vizuri sana. Alichokosa ni kuamini kwamba kuna watu ambao ukiwacheka hawaondoki. Aliingia Berlin na dawa aliyoizoea vitabuni, ambamo kila mtu mbaya huishia kuaibika, akaitumia mahali ambapo haikuwa dawa.

Paris ilipokombolewa Agosti 1944 yeye mwenyewe alijitokeza kwa mamlaka za Uingereza. Meja Edward Cussen wa idara ya usalama ya MI5 alimhoji kwa siku kadhaa, akaandika kwamba mwenendo wake ulikuwa wa kipumbavu lakini ingekuwa vigumu kwa baraza la wazee wa mahakama kumtia hatiani kwa kukusudia kumsaidia adui. Siku hizohizo alipata habari kwamba Leonora alikuwa amefariki London tangu Mei. Taarifa ya Cussen ilifichwa hadi 1980, na Wodehouse hakuwahi kuambiwa waziwazi kwamba akirudi nyumbani hatashtakiwa. Hilo naliona kuwa dhuluma, hata kama alijitafutia mwenyewe sehemu ya taabu zake. Alihamia Marekani mwaka 1947, akaishi Remsenburg katika kisiwa cha Long Island, akachukua uraia wa Marekani mwaka 1955, na hakukanyaga Uingereza tena. Cassandra alikutana naye baadaye New York wakawa marafiki. Mwaka 1961 mwandishi wa riwaya Evelyn Waugh alizungumza BBC kumwomba radhi kwa niaba ya wasomaji. Katika orodha ya Mwaka Mpya wa 1975, aliyokuwamo pia Charlie Chaplin, alipewa cheo cha “Sir”, na tarehe 14 Februari mwaka huohuo akafariki akiwa na umri wa miaka 93, huku akiacha riwaya ambayo haijakamilika.

Kwa hiyo unaweza kumjibu mwenzako kwamba hakuwa msaliti, ila alifanya kosa kubwa la kukubali kipaza sauti cha adui, na kosa hilo halifutwi na utamu wa vitabu. Isitoshe, ikiwa anatafuta sababu ya kumsoma kwa tahadhari, ipo nyingine iliyo karibu zaidi na sisi. Ulimwengu wa Wodehouse uliishi kwa mali ya dola la kikoloni bila kuuliza ilitoka wapi, na mara nyingine matusi ya wakati ule dhidi ya watu weusi yanatokea bila hata mwandishi kuyashtukia. Thank You, Jeeves ya mwaka 1934 ina kikundi cha wanamuziki kinachotajwa kwa neno la dharau, na kichekesho kizima cha Bertie kujipaka rangi nyeusi usoni. Mwaka 2023 mchapishaji alitoa matoleo yaliyoondolewa maneno ya aina hiyo. Sikushauri uanze na kitabu hicho, si kwa kukuficha lolote, bali kwa sababu dosari hiyo itakuzuia kuona anachokiweza.

Anza na hadithi fupi za Carry On, Jeeves za mwaka 1925, ambazo zinasomeka moja moja jioni na hazihitaji uwe umesoma kingine kabla yake. Ukizoea sauti ya Bertie, nenda kwenye Right Ho, Jeeves kwa ajili ya ile hotuba ya Gussie, kisha The Code of the Woosters, ambayo wasomaji wengi, nami nikiwamo, huiona kuwa ndiyo riwaya iliyosukwa vizuri kuliko zote. Humo siri ya Spode, chombo cha fedha cha kumiminia maziwa chenye umbo la ng’ombe, kofia ya polisi iliyoibwa na uchumba uliovunjika vinashikana hivi kwamba ukikitoa kimoja vyote vinaanguka. Baada ya hapo ingia Blandings, kasri la Lord Emsworth, mzee msahaulifu asiyetaka chochote duniani ila nguruwe wake ashinde medali ya nguruwe wanene katika maonyesho ya kilimo ya Shropshire. Hadithi yake nzuri ya kufungulia ni ile ya mwaka 1927 ambamo mchungaji wa nguruwe anafungwa gerezani kwa ulevi, nguruwe anagoma kula, na kijana aliyewahi kufanya kazi katika shamba la Marekani anamfundisha mzee huyo wito wa kuwaita nguruwe. Vitabu vyake kadhaa vya mwanzo vinapatikana bure mtandaoni kwa kuwa haki miliki yake imekwisha nchini Marekani, kwa hiyo unaweza kuanza wiki hii hii bila kusubiri duka la vitabu.